Kifungo cha Pili Kutoka Juu

Binti yangu mkubwa mtaani wanamwita Pindo. Jina hilo hakupewa na mimi wala na marehemu baba yake. Alipewa na wateja. Ukimpelekea suruali aifupishe, siku ya kuichukua unaweza kuigeuza ndani nje, ukaisogeza dirishani kwenye mwanga, na bado usione sindano ilipita wapi. Kushona alianza kwangu, ingawa mimi ni mtu wa viraka tu na shule niliishia darasa la tano. Alipofika miaka kumi na miwili alikuwa ananifumulia kazi yangu nikiwa sokoni na kuishona upya, halafu ananyamaza, na mimi nanyamaza.

Alipofika miaka ishirini na minane alikuwa na kibaraza chake kando ya barabara, amepanga pamoja na fundi viatu. Upande wake kulikuwa na cherehani mbili, meza ya kukatia na kioo kirefu. Mdomo alikuwa nao. Akina mama wakija na vipimo vya kujipunja alikuwa anawatazama kwanza.

"Dada, kiuno hiki ulikipima lini?"

"Juzi tu."

"Juzi ya mwaka gani?"

Walikuwa wanacheka, wanapimwa upya, na wanarudi. Huyo ndiye mwanangu nimjuaye.

Siku ya ajali alivuka barabara kwenda kununua zipu. Zipu moja tu, nyeusi. Lori la magodoro lilikuwa linarudi nyuma bila mtu wa kuliongoza. Wengine walilikwepa. Yeye alisukumwa hadi kwenye nguzo ya chuma mbele ya duka, na mkono wake wa kulia ukabanwa kati ya nguzo na bodi la gari. Fundi viatu ndiye aliyefika wa kwanza, sindano yake ya viatu bado iko mkononi. Aliniambia baadaye kwamba Pindo hakulia. Alikuwa anauliza zipu iko wapi.

Wodini, siku ya tatu, fundi viatu alikuja kumtazama. Akasimama miguuni mwa kitanda, akatikisa kichwa.

"Mwanangu, magodoro yote yale, wewe ukachagua nguzo!"

Pindo alicheka mpaka muuguzi akaja kuuliza kuna nini. Mimi sikucheka. Mzee yule ni mtu mwema, lakini neno lile sijamsamehe mpaka leo.

Mifupa iliunga. Vidonda vilifunga. Wakatuambia mkono umepona, na ukiutazama umelala juu ya paja ungesema ni kweli. Tatizo lilikuwa kwenye vidole viwili. Kidole gumba na kile kinachofuata havikukutana tena. Jaribu kushika sindano bila vidole hivyo viwili, au mkasi, au chaki ya kuchorea nguo, utaelewa. Mwanzoni kati ya vidole hivyo ilipita boksi ya kiberiti. Nikawa namkanda kila asubuhi kwa maji ya moto, na kila Jumamosi napima. Baada ya miezi sita ilipita kalamu ya risasi. Hapo pakagoma.

Daktari wa mifupa alituambia iko njia. Inawezekana kuchukua kano ya kidole kingine na kuihamishia kwenye gumba, vidole vikakutana tena. Ila upasuaji huo haufanyiki hapa kwetu, ni kusafiri na kulipa, na usipite miaka miwili tangu kuumia, kwa sababu nyama ya mkono isiyotumika inasinyaa. "Ikishasinyaa, mama," alisema, "hata nikihamisha kano kumi ni kazi bure."

Kwa hiyo fidia kwetu haikuwa ya kujengea wala ya kununulia kiwanja, kama walivyodhani majirani. Ilikuwa ni vidole viwili kukutana kabla ya miaka miwili.

Wenye lori hawakubisha kosa. Kampuni yao ya bima ilikubali kulipa. Kilichobaki kilikuwa kupima ulemavu wa kudumu ni kiasi gani, na hilo lingesemwa na daktari mmoja aliyekubaliwa na pande zote mbili. Yeye ataandika asilimia, na asilimia hiyo ndiyo itakayotazamwa.

Wakili wetu ni mwanamke mfupi, anaongea kwa haraka kama mtu aliyeacha sufuria jikoni. Alitupa onyo moja.

"Siku ya kupimwa nendeni kama mnavyoamka. Sawa, mama?"

"Sawa," nikasema.

Nilisikia, sikuelewa. Mimi mtu haendi kwa daktari kama alivyoamka. Tangu Pindo yuko mgongoni, nikimpeleka zahanati nilikuwa namwogesha, namvalisha nguo ya kutokea, na kama kuna sehemu ya nguo imefumuka naishona njiani. Sikutaka mtu aseme mtoto huyu hana mwenyewe. Basi siku ile nilipiga pasi blauzi ya mikono mirefu, nikamfunga vifungo mwenyewe kwa sababu hawezi, nikamsuka, nikampaka mafuta. Na kwenye ukosi wa ndani wa gauni langu nikachomeka sindano yenye uzi, kama ninavyofanya siku zote nikitoka. Katika familia ya washonaji, kutoka bila sindano ni sawa na kutoka bila viatu.

Daktari alikuwa mtu mzima mpole, macho yamechoka. Alivaa koti jeupe. Kabla hajaketi tayari nilikuwa nimeona: kifungo cha pili kutoka juu kinaning'inia kwa uzi mmoja. Nikamtazama Pindo. Naye alikuwa amekiona. Wakati daktari anamkunja vidole, anavipima kwa kile kipimo cha plastiki, anamwambia akamue mpira, macho ya Pindo hayakutoka pale kifuani pa daktari.

"Kazi yako ni nini, binti?"

"Fundi cherehani."

"Na sasa unafanya nini?"

"Sasa nakaa."

Daktari akainama kuvuta fomu kwenye droo, na kifungo kikaanguka. Kiligonga meza, kikabiringika sakafuni, kikasimama kando ya kiatu cha Pindo. Akakiokota kwa mkono wa kushoto. Akakigeuza geuza. Kisha akanyoosha mkono kwangu bila kunitazama.

"Mama, sindano."

Lazima niseme hapa kwamba kwa miezi kumi na minne mwanangu alikuwa hajataka hata kuiona sindano. Cherehani zake nilizifunika shuka. Mkasi niliuficha. Usiku wa kwanza aliporudi nyumbani alinikuta narudishia kifungo cha blauzi yangu, akageukia ukutani. Kwa hiyo aliposema "Mama, sindano," sikumkumbuka wakili, wala bima, wala fomu iliyokuwa mezani. Niliitoa ukosini haraka mpaka nikajichoma.

"Hapana, binti, usijisumbue," daktari alisema.

"Lete hilo koti, daktari. Utatembeaje kifua wazi na wagonjwa wanakutazama?"

Huyo alikuwa Pindo wa kibarazani. Sauti ile ile. Daktari akacheka, akavua koti. Pindo akaligandamiza mezani kwa ule mkono mgumu, kama mtu anayetumia jiwe kuzuia karatasi, akashona kwa mkono wa kushoto, na kila mara anavuta uzi kwa meno. Jasho lilimtoka juu ya mdomo. Nilihesabu: alipitisha sindano mara sita, akazungusha uzi chini ya kifungo, akakata kwa meno. Akampa daktari koti lake.

Na mimi ndipo nikafungua kinywa. Hakuna aliyeniuliza.

"Umeona, daktari? Ndiye Pindo huyo! Kwa mkono mmoja anawashinda wenye miwili!"

"Nimeona, mama," daktari akasema. Akavaa koti, akavuta fomu, akaandika.

Tulirudi nyumbani kwa miguu. Pindo alikuwa anaimba kwa pua. Fundi viatu nilimsimulia nikiwa bado upande wa pili wa barabara, napaza sauti kushinda magari. Nilimsimulia na mwenye duka la zipu.

Wiki tatu baadaye wakili alituita. Aliisoma ripoti kwa sauti, haraka haraka, akafika mahali akapunguza mwendo.

"'Mhusika ameonyesha uwezo wa kuutumia mkono katika shughuli za kazi yake. Mbele yangu alishona kifungo kwa ustadi bila kusaidiwa. Ulemavu wa kudumu, asilimia kumi na moja.'" Akavua miwani. "Kifungo gani?"

Nikashika ukosi wa gauni langu.

"Mama, nauliza. Kifungo gani?"

"Kilikuwa kimeanguka," nikasema.

"Kimeanguka si kiokotwe! Kiokotwe, kiwekwe mezani, basi! Mmekwenda kupimwa ulemavu au mmekwenda kutafuta wateja?"

Nilitamani sakafu inimeze. Asilimia kumi na moja haikufika hata nauli ya kwenda kwenye upasuaji ule. Nilimwangalia Pindo. Alikuwa ametulia, anatazama ile karatasi.

"Ameandika bila kusaidiwa," akasema. "Si kweli. Uzi ulikuwa umeshatungwa. Sindano ya mama siku zote ina uzi. Mimi siwezi kutunga uzi."

Wakili akamtazama. "Rudia."

"Siwezi kutunga uzi. Ningepewa sindano tupu, kifungo kingekuwa sakafuni mpaka leo."

Wakili akavaa tena miwani. Akasema hapo pana pa kushika. Atapeleka pingamizi, aombe daktari wa pili, na safari hii sindano iwe tupu. Lakini akatuinulia kidole, wote wawili. Kampuni za bima zina watu wao. Wanapita mitaani, wanauliza majirani, wanapiga picha. Tangu siku ile hadi kesi isikilizwe, Pindo asionekane ameshika sindano.

"Hata kwa mchezo, mama. Picha moja tu, na mimi nafunga faili."

Kesi ilipangwa mwezi uliofuata. Tulikwenda, tukaketi kwenye benchi, karani akasema faili halionekani. Tarehe nyingine. Tulikwenda, hakimu yuko likizo. Tarehe nyingine. Tulikwenda, wakili wa kampuni anaumwa. Karani alikuwa anaandika tarehe mpya kwenye kipande cha karatasi na kunipa bila kuinua macho, na mimi nasema asante. Sijui kwa nini nilikuwa nasema asante. Mwezi wa kumi na nane ukapita, wa ishirini ukaingia.

Na shida ilikuwa kwamba kile kifungo kilikuwa kimemwamsha Pindo. Hakuweza kukaa tena. Alianza na vifungo vyangu vyote, vilivyolegea na visivyolegea. Akaingia kwenye mashuka, akaja kwenye mashati ya fundi viatu. Nilijua onyo la wakili, lakini ningemwambiaje aache? Alikuwa anakula vizuri. Alikuwa ameanza tena kunisema.

"Mama, kiraka hiki ulikishona ukiwa umelala?"

Basi tukafanya hivi. Kila asubuhi, kabla macho yangu hayajachoka, natunga nyuzi kwenye sindano kumi na kuzichomeka kwenye kipande cha sponji. Pindo anakaa chumba cha ndani, pazia limeshushwa. Mimi nakaa mlangoni nachagua mchele au namenya vitunguu, natazama njia. Nikiona mtu nisiyemjua, nakohoa, naye anasukuma kila kitu chini ya kitanda.

"Mama Pindo," fundi viatu alikuwa ananiambia akipita, "kikohozi hicho kapime. Na mchele huo, tangu juzi haujaisha mawe tu?"

Na lingine nililiona, sikumwambia mtu. Jumamosi nikipima vidole, kalamu ilianza kukwama. Ilikuwa haipiti mpaka niisukume. Ule mkono mgumu, kwa kugandamiza nguo na kuivuta kutwa nzima, ulikuwa unalegea kidogo kidogo. Nilipima mara mbili, nikasema labda ni kalamu. Nikaleta nyingine. Ikakwama pia.

Siku yenyewe ilikuwa Jumanne, kama saa nne asubuhi. Mtu alitokea kona ya duka, mwanamume wa makamo, viatu safi, begi begani, simu mkononi. Nikakohoa. Akaja moja kwa moja.

"Hodi, mama. Shikamoo."

"Marahaba, baba."

"Namuulizia fundi mmoja, Pindo. Nina shati langu hapa, vifungo vimekatika."

Akalitoa begini. Lilikuwa shati la kawaida, la bluu. Nilitazama vile vifungo. Viwili vilikuwa havipo. Nikajiuliza, vimekatika au vimekatwa? Nikatazama viatu vyake tena. Mtu wa mtaani kwetu hapiti na viatu safi vile siku ya Jumanne. Nikatazama ile simu, aliishika imesimama, kamera yake inanitazama mimi, au ndivyo nilivyoona.

"Hapa hakuna fundi," nikasema.

"Nimeelekezwa nyumba hii, mama. Wanasema vifungo anavimudu vizuri sana."

Wanasema nani? Nikainuka, ungo wa mchele mkononi, nikasimama katikati ya mlango.

"Aliwahi kuwepo. Aligongwa na gari. Mkono wake umekufa, baba. Hawezi kitu. Hawezi kifungo, hawezi kijiko. Hata blauzi yake namfunga mimi kama mtoto mchanga. Fundi gani huyo? Hakuna fundi hapa, na hatakuwepo tena."

Nilipaza sauti. Kama ametumwa, nilitaka asikie vizuri, na simu yake isikie.

Yule mtu akashusha macho. "Pole sana, mama. Sikujua." Akalikunja shati lake pole pole, mikono ndani, kama lililotoka kupigwa pasi, akalirudisha begini na kuondoka. Alisimama kidogo kwa fundi viatu, wakasemezana, akapotea konani.

Nilipoingia ndani, Pindo alikuwa hajaficha chochote. Shuka liko mapajani, sponji liko pembeni yake. Alikuwa anazichomoa sindano moja moja, anauma uzi, anauvuta utoke, anairudisha sindano tupu.

"Umenisikia?" nikamuuliza.

"Nyumba nzima imesikia."

"Nilidhani ni wa bima. Bado sijui. Wewe ulitaka nisemeje, mwanangu?"

"Hivyo hivyo. Umesema vizuri." Akavuta uzi mwingine. "Kule mahakamani wakikuita, useme hivyo hivyo. Hata mimi niliyekuwa najua, nilivyokuwa nakusikiliza, niliamini."

Nilimwuliza kama amekasirika. Akasema hapana. Na hakuwa amekasirika, hilo ndilo lililoniumiza. Nilikwenda kwa fundi viatu kumuuliza yule mtu ni nani. Akasema hamjui, ila alimuuliza fundi mwingine yuko wapi, akamwelekeza kwa yule wa karibu na kituo.

"Angekuwa mpelelezi angeuliza mambo mengine," nikasema.

"Labda," akasema. Safari hii hakuwa na utani.

Asubuhi iliyofuata nilitunga sindano kumi kama kawaida na kuziweka kando ya kitanda. Nikakaa mlangoni. Mchana nilipoingia zilikuwa kumi. Siku ya pili zilikuwa kumi. Siku ya tatu nilimwambia, "Hata shuka langu lile hutalimaliza?" Akasema, "Si tunasubiri kesi, mama?" Akageukia ukutani.

Karani ametupa tarehe nyingine. Ni siku tisa kabla miaka miwili haijatimia. Wakili anasema safari hii itasikilizwa, na daktari wa pili amekubaliwa, atampima Pindo asubuhi ile ile.

Jumamosi, wiki tatu baada ya yule mtu wa shati, nilikaa kitandani kumpima vidole. Akanipa mkono bila kugeuka. Kalamu ilipita. Ilipita bila kugusa kidole hiki wala kile. Nikaipitisha tena, nikabadilisha kalamu, ikapita vile vile, na nafasi ikabaki.

Sikujua nimwambie nani. Daktari wa mifupa yuko mbali, na fundi viatu angefanya nini? Nikampigia wakili. Nikamweleza kwamba mkono unarudi nyuma, kwamba tangu aache kushona unakaza, na kwamba nakumbuka lile neno la kusinyaa.

Nilisikia anapekua karatasi upande wa pili.

"Imepita bila kugusa?"

"Bila kugusa."

"Vizuri, mama," akasema. "Iandike hiyo. Andika na tarehe."

Nikatafuta daftari. Nikaandika.